Kamera Inayokaa na Watu

Msikilizaji, mwaka 2025 ulileta hadithi mbili za nchi za kubuni zilizotoka vitani. Ya kwanza twaijua sana hapa Kakamega. Aprili 10, wasichana wa shule ya Butere waliingia jukwaani Nakuru, kwenye tamasha la kitaifa la drama na filamu, wakaimba wimbo wa taifa, kisha wakaondoka bila kuigiza. Mchezo wao, Echoes of War, ulioandikwa na aliyekuwa seneta wetu Cleophas Malala, unasimulia ufalme unaojaribu kusimama tena baada ya vita, na vijana wanaodai kusikilizwa. Mahakama Kuu ilikuwa imeamuru waruhusiwe kuigiza. Hata hivyo mwandishi wao alikuwa amekamatwa, na watu waliokuja kutazama walitawanywa kwa vitoa machozi.

Hadithi ya pili haikuvuma sana huku kwetu. Miezi michache baadaye, huko Venice, Italia, katika kitengo cha tamasha kinachoitwa Giornate degli Autori, ilionyeshwa filamu Memory of Princess Mumbi ya Damien Hauser, kijana mwenye asili ya Uswisi na Kenya, aliyezaliwa mwaka 2001. Hadithi yake iko mwaka 2093. Vita kuu vimepita, falme za kale za Kiafrika zimerudi, na kijana mmoja mtengenezaji filamu, Kuve, anasafiri hadi mahali paitwapo Umata kurekodi jinsi vita hivyo vilivyowaacha watu. Huko anakutana na Mumbi. Msichana huyo anampa changamoto: atengeneze filamu yake bila kutumia akili unde. Kuve anakubali, na kadiri kazi inavyoendelea anampenda, ilhali Mumbi ana mwana wa mfalme anayemngojea.

Kwa hiyo mtazamaji anaangalia filamu ya kubuni inayojifanya filamu ya hali halisi. Watu wanaongea na kamera kana kwamba wanahojiwa. Wanasita, wanamtazama aliye nyuma ya kamera, mara wanasahau kwamba wanarekodiwa. Hauser amejenga majumba na miji ya wakati ujao kwa kutumia akili unde hiyohiyo ambayo Mumbi anaikataa, na hakuna anayefichwa jambo hilo, kwa kuwa ndilo swali lenyewe la filamu. Kwa fedha kidogo na watu wachache, mwongozaji kijana anaweza leo kujenga ufalme mzima kwenye kompyuta. Je, anaweza kumtengeneza mtu anayependa? Filamu inajibu kwa kurudi kila mara kwenye nyuso za waigizaji wake, nayo inafanya vizuri, maana ukitoka hapo majumba yanasahaulika upesi na sura ya Mumbi inabaki.

Hauser si mgeni katika namna hii ya kazi. Amekuwa akitengeneza filamu tangu angali kijana mdogo, na mara nyingi anaandika, anapiga picha na kuhariri mwenyewe. Mwaka 2023 alitoa After the Long Rains, na huenda hiyo ndiyo itakayomgusa zaidi msikilizaji wa hapa nyumbani. Inasimulia Aisha, msichana wa miaka kumi katika pwani yetu, kijiji cha wavuvi cha Watamu. Ndoto yake ni kuwa mwigizaji huko Ulaya. Shuleni wanapewa zoezi la kujaribu kazi ya wakubwa, naye anachagua uvuvi, kazi ambayo kijijini haipewi msichana. Sababu yake ni ya kitoto na ya werevu kwa pamoja: akijua kuendesha chombo baharini, atajipeleka Ulaya mwenyewe. Mwalimu anayempata ni Hassan, mvuvi aliyelemewa na pombe.

Watamu ni mahali ambapo Wazungu, hasa Waitaliano, wamekuwa wakija kuota jua kwa miongo mingi, na hifadhi yake ya bahari ni miongoni mwa zile za kwanza nchini, iliyotangazwa mwaka 1968. Mtoto aliyekulia hapo huwaona watu wa Ulaya kila siku, wakifika na kuondoka wapendavyo. Kwake Ulaya iko karibu sana. Kinachokosekana ni chombo tu. Filamu haitoi hotuba juu ya viza, juu ya bahari inayomeza vijana, wala juu ya nani anaruhusiwa kusafiri na nani hawezi. Inamfuata Aisha akijifunza kazi, na mtu mzima anayetazama anakijua kile ambacho mtoto hajakijua. Hapo ndipo uchungu wa filamu ulipo.

Swali ambalo wengi huuliza ni hili: basi hiyo ni kweli au ni uongo? Aisha ni wa kubuni. Bahari ni ya kweli, kijiji ni cha kweli, na kazi ya mikono inayoonekana ni kazi ya kila siku ya watu wa pale. Ukweli wa filamu ya namna hii haupimwi kwa kuuliza kama jambo lilitokea. Unapimwa kwa kuuliza kama aliyeshika kamera alikaa na watu muda wa kutosha hadi wakaacha kumwigizia mgeni, na kama walikuwa na neno katika yale yaliyosemwa juu yao. Katika historia ya Afrika Mashariki jambo hilo la pili ndilo lililokosekana tangu mwanzo.

Turudi nyuma kidogo. Kati ya mwaka 1935 na 1937 kulikuwa na mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment, wenye makao yake Vugiri, katika milima ya Usambara huko Tanganyika. Ulidhaminiwa na wakfu wa Carnegie wa Marekani chini ya baraza la wamisheni, na kazi ya kila siku ikiongozwa na Waingereza Notcutt na Latham. Walitengeneza filamu fupi 35 hivi, wakazizungusha katika makoloni ya eneo hili pamoja na Kenya, maelezo yake yakichezwa kutoka kwenye santuri kwa Kiswahili na lugha nyingine. Waigizaji walikuwa watu wa kawaida wa vijijini. Waliigiza maisha yao wenyewe: mkulima akawa mkulima, mgonjwa wa safura akawa mgonjwa wa safura. Huo nao ulikuwa mchanganyiko wa hali halisi na ubunifu, miaka mingi kabla mtu hajausifu kwenye matamasha. Lakini kila hadithi ilikwisha kuamuliwa kabla ya kamera kufika. Mwafrika alihitajika atoe uso na mwili wake, halafu afundishwe kuweka akiba posta na kuchimba choo. Vyoo ni vizuri, na akiba ni nzuri. Ila hakuna aliyeulizwa anaonaje mambo, na ndiyo sababu filamu zile leo zinamweleza mtawala zaidi kuliko zinavyomweleza mwanakijiji.

Mfaransa Jean Rouch alijaribu njia nyingine mwaka 1958 katika Moi, un noir. Aliwafuata vijana wa Niger waliokuwa wakitafuta vibarua Abidjan, akawaachia wajipe majina ya nyota wa sinema na waongeze maneno yao wenyewe juu ya picha zao. Mmoja wao, Oumarou Ganda, baadaye akawa mwongozaji mwenyewe, na filamu yake Le Wazzou polygame ikatwaa tuzo kuu ya tamasha la filamu la FESPACO huko Ouagadougou mwaka 1972. Hata hivyo mwongozaji wa Senegali, Ousmane Sembène, hakumwonea haya Rouch. Alimwambia usoni kwamba anawatazama Waafrika kama wadudu. Wote wawili wanastahili kusikilizwa hadi leo: Rouch kwa kumpa Ganda sauti, Sembène kwa kukumbusha kwamba kutazama kwa karibu kunaweza kufanywa bila heshima.

Akitafutwa aliyeijibu hoja ya Sembène kwa kazi, atapatikana Kisangani, katika Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo. Dieudo Hamadi alizaliwa huko mwaka 1984, akaanza kusomea udaktari, kisha akashika kamera. Huenda huo udaktari ulimfundisha kukaa kando ya mtu anayeteseka bila kukimbia wala kupayuka. Katika Maman Colonelle ya mwaka 2017 alimfuata Kanali Honorine Munyole, afisa wa polisi aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani kulinda wanawake na watoto. Hakuna msimulizi. Kuna yule mama, ofisi isiyo na vifaa, na wanawake wanaokuja kusema waliyonyamazia kwa miaka.

Kanali huyo alipofika Kisangani alikutana na jeraha la zamani, nalo ndilo lililomzalia Hamadi filamu yake kubwa. Kwa siku 6, Juni 5 hadi 10 mwaka 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya mji huo wa Kongo. Raia walikufa kwa mamia, na wengine wengi walipoteza mikono na miguu. Miaka ikapita. Mahakama ya Kimataifa ya Haki ikaikuta Uganda na hatia mwaka 2005 kwa vitendo vyake nchini Kongo, lakini walemavu wa Kisangani hawakuona hata shilingi. Mwaka 2018 baadhi yao waliamua kupanda boti wateremke Mto Kongo hadi Kinshasa, mwendo wa kilomita zaidi ya 1,700, wakadai wenyewe. Hamadi akapanda pamoja nao. Filamu En route pour le milliard iliteuliwa katika orodha rasmi ya tamasha la Cannes mwaka 2020, ya kwanza kutoka Kongo hiyo kufikia hapo.

Ndani ya safari hiyo Hamadi anaingiza jukwaa. Waathiriwa hao walikuwa na kikundi cha maigizo, na kila mara filamu inakatiza mto na mvua ili kuwaonyesha chini ya taa wakiigiza yaliyowapata. Mama aliyepoteza miguu anajiigiza. Anachagua yeye aanzie wapi, anyamaze wapi, apaze sauti wapi. Kwenye boti mtazamaji anamwona akilowa chini ya maturubai, akibishana kuhusu chakula, akicheka. Kwenye jukwaa anamwona akiitawala hadithi yake. Vitu hivyo viwili vikiwekwa pamoja, haiwezekani tena kumwonea huruma ya mbali. Pale Kinshasa wanafukuzwa kwenye milango ya wabunge, na mtazamaji anafukuzwa pamoja nao. Februari 2022 Mahakama ileile ya Kimataifa, iliyoko The Hague, iliamua Uganda ilipe dola milioni 325 kwa jumla ya madhara yote, na malipo ya kwanza yakatolewa mwaka huohuo. Hakuna anayeweza kudai kwamba filamu ndiyo iliyoleta uamuzi huo. Ila ilihakikisha watu wale hawabaki kuwa tarakimu katika jalada.

Kenya nayo ina watu wa subira ya namna hiyo. Maia Lekow, mwanamuziki Mkenya, na mumewe Christopher King kutoka Australia, walitumia miaka kadhaa Kilifi kutengeneza The Letter, iliyoonyeshwa kwa mara ya kwanza kwenye tamasha la Amsterdam mwaka 2019 na kisha kuiwakilisha Kenya kwenye kinyang'anyiro cha Oscar. Kijana Karisa, anayeishi Mombasa, anasoma kwenye Facebook kwamba nyanya yake, mwanamke wa zaidi ya miaka 90, anaitwa mchawi. Anarudi nyumbani kujua nani anasema hivyo. Mtu angetarajia wageni, au wahubiri, au majirani wenye wivu. Filamu inatupeleka polepole hadi tunapoona kwamba mashtaka yametoka ndani ya familia, na nyuma ya uchawi kuna shamba. Haya ni mambo ambayo hakuna familia inayomwambia mwandishi wa habari aliyekuja asubuhi na anayetaka kuondoka saa nane. Hata hapa kwetu, msikilizaji, ni mashamba mangapi yamegawanywa kwa mashtaka ya aina hiyo?

Sasa tuje nyumbani. Kamera kubwa zinapokuja Kakamega, zinakuja kwa mambo mawili matatu. Zinakuja wakati wa kampeni. Zinakuja alfajiri za mapigano ya mafahali kule Isukha na Idakho, zikapiga pembe zikigongana na umati ukikimbia, kisha zikarudi Nairobi. Zinakuja kwa isukuti, ngoma ambayo UNESCO iliiweka mwaka 2014 kwenye orodha ya urithi unaohitaji kulindwa kwa haraka, na zinapiga miguu na vumbi kwa dakika tatu. Lakini fahali haanzi kupigana siku ile. Kuna mtu anayemlisha, anayelala akimfikiria, na ambaye heshima yake mbele ya kijiji kizima imefungwa kwenye shingo ya mnyama huyo. Seti ya ngoma za isukuti ni tatu, kubwa, ya kati na ndogo, na kila moja ina anayeijua na kijana anayejifunza au anayekataa kujifunza. Hadithi iko kwa huyo anayekataa. Filamu ya Aisha na Hassan ya Watamu ingeweza kuwa ya msichana wa Malinya anayetaka kupiga ngoma ya wanaume na mzee anayemfundisha kwa siri, na waigizaji wake wapo, wala hawahitaji kufundishwa namna ya kuishika ngoma.

Na kuna watu hapa ambao tayari wanafanya kazi ya kutazama kwa karibu, ingawa hakuna anayewaita watengenezaji filamu. Ni wapiga video wa matanga. Mpiga video wa matanga huwahi kabla jeneza halijafika. Anarekodi mwili ukiingia bomani, waimbaji, hotuba za wakwe, mzee mmoja anayekataa kupewa dakika tano, na ule mpangilio ambao kila mtu anaujua, mfawidhi akiita watoto wa marehemu, kisha wajukuu, kisha mashemeji, wasimame kando ya jeneza wapigwe picha. Anajua ni nani hakuitwa. Anajua ni nani alisimama pembeni kwa sababu ya ugomvi wa mpaka. Anakaa hadi jioni, na familia inamruhusu kusimama mahali ambapo hakuna mwandishi angeruhusiwa. Akipewa nafasi ya kurudi katika boma lilelile baada ya mwezi, baada ya mwaka, wakati turubai limeondolewa na mjane amebaki na ndugu za mumewe, angekuwa na filamu ambayo Kenya haijaiona.

Kinachomzuia si ukosefu wa kipaji. Anakula kwa kazi za siku moja. Sheria nayo haijamrahisishia: Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, iliyotungwa mwaka 1962 kabla hata ya uhuru, bado inataka leseni kwa anayetengeneza filamu ya kuonyeshwa hadharani. Kisha kuna hofu, na hofu hiyo Kakamega inaijua kwa jina. Kabla ya Echoes of War kulikuwa na Shackles of Doom mwaka 2013, mchezo mwingine wa Butere uliotoka kwa Malala huyohuyo, ambao uliondolewa mashindanoni hadi Mahakama Kuu ilipoutetea. Mara zote mbili wakubwa waliitazama hadithi ya kubuni wakaona taarifa ya habari. Kwa maana fulani walisoma sawasawa. Hadithi ile ilikuwa karibu mno na maisha. Kosa lao ni kudhani kwamba ukaribu huo ni hatia, ilhali ndio ustadi wenyewe ambao kwa huo watoto wale walistahili kupewa alama.

Upande wa pili, anayeingia nyumba ya mtu na kamera ana wajibu ambao hakuna leseni inayoufundisha. Mjane aliyekubali kurekodiwa siku ya mazishi hakukubali kuonyeshwa Nairobi miaka mitatu baadaye. Mtoto aliyeigiza hawezi kujua uso wake utatumikaje kwenye intaneti. Kwa teknolojia ambayo Hauser anaichezea, sasa mtu anaweza kuchukua uso na sauti ya marehemu akamsemesha maneno ambayo hakuyasema kamwe. Katika hadithi ya mwaka 2093 hilo linavumilika, kwa sababu mtazamaji anaambiwa waziwazi kwamba huu ni ubunifu. Katika boma la Lurambi, ambako urithi wa shamba unaweza kutegemea neno la mwisho la baba, ni hatari kubwa. Vijana wanaosomea uanahabari pale Masinde Muliro wangefanya vyema kujadili jambo hilo kabla ya kujifunza kuunganisha taa. Mtu aonyeshwe picha zake kabla ya umma, aruhusiwe kusema hapana, na aliyebuniwa atajwe kuwa amebuniwa.

Tamasha la shule lina kitengo cha filamu, na simu zilizo mikononi mwa wanafunzi zinatosha kuanzia. Walimu wa drama wa kaunti hii, ambao kwa miaka mingi wamekuwa wakipeleka vikundi hadi fainali za kitaifa, wanaweza kumpa mwanafunzi kazi ya muhula mzima: mtu mmoja wa kijijini kwao, kazi moja anayoifanya, arekodiwe kila wiki, kisha wakae pamoja waandike onyesho moja ambalo mtu huyo ataliigiza mwenyewe.

Kuna jambo moja la haraka zaidi. Januari 2025 Lekow na King walipeleka kwenye tamasha la Sundance, Marekani, filamu yao mpya, How to Build a Library, inayowafuata Wanjiru Koinange na Angela Wachuka wakifufua maktaba ya McMillan jijini Nairobi na kupambana na swali la nini kihifadhiwe na nani aamue. Kakamega ina hazina ya aina hiyo ndani ya makabati ya nyumba za watu: kanda na sidii za matanga na harusi za miaka ya tisini na elfu mbili, zenye sauti za wazee wa Kabras, Marama, Butsotso na Isukha ambao hawapo tena. Kanda zinaota ukungu, sidii zinachubuka, na deki za kuzichezea zimeharibika au zimeuzwa. Maktaba ya umma iko hapa mjini, chuo kikuu kiko hapa mjini, na familia nyingi zingekubali kutoa nakala kama zingehakikishiwa kwamba ya kwao yatabaki yao hadi waseme vingine. Mwenye kanda nyumbani asizitupe. Azifute vumbi, aziweke mahali pakavu, aandike juu ya kila moja jina la marehemu, kijiji na mwaka, na kama yule aliyezirekodi bado yu hai, amtafute amuulize ni nini kingine alichokiona siku ile ambacho hakikuingia kwenye kanda.